Aliyesema Walikatazwa Kuoga

Mliponiaga pale ofisini kwa keki na blanketi, mmoja wenu aliniuliza nimejifunza nini kwa miaka yote ya kusikiliza wazee waliopigana msituni. Nilicheka, nikala keki. Mimi si mtu wa kujibu nikiwa nimesimama mbele za watu. Sasa nimekaa, nyumba iko kimya, na nitajibu kwa kalamu.

Ninaandika kwa Kiswahili kwa sababu nyinyi mmetoka pande zote, na kwa sababu aliyenifundisha kazi, marehemu Mwalimu Wafula, alikuwa mtu wa magharibi ya nchi na tuliongea Kiswahili mpaka siku ya mwisho. Majina ya wazee nimeyabadilisha. Yule ninayemwandika zaidi aliniruhusu mwenyewe, akasema ningoje azikwe kwanza. Amezikwa.

Niliajiriwa kufagia na kupika chai. Ofisi ilikuwa vyumba viwili nyuma ya duka la misumari mjini Nyeri, na kazi yake ilikuwa kukusanya simulizi za watu wa kawaida wa vita vya uhuru: waliobeba bunduki za kujitengenezea, waliobeba chakula, waliochimba mahandaki kwa kulazimishwa. Majemadari walikuwa na watu wao wa kuwaandika. Kijana aliyekuwa akishika mashine ya kurekodi alipata kazi benki, akaondoka bila kuaga. Mwalimu Wafula alinikuta nikiosha vikombe.

"Mama Wambui, wewe unajua kunyamaza?"

"Najua."

"Basi kausha mikono, ushike hii kitu."

Masomo yangu yaliishia darasa la saba, na nilikuwa na hakika nitaivunja. Ilikuwa mashine ya kaseti, kubwa kama mkate, nzito kwa betri. Alinifundisha kuweka sweta iliyokunjwa chini yake ili mlio wa meza usiingie ndani ya sauti. Alinifundisha kuwafukuza kuku kabla ya kuanza, na kutorekodi chini ya mabati mvua inaponyesha, hata mzee akisema ana hamu ya kuongea. Kaseti ikijaa, unavunja vile vijipande viwili vya plastiki vya nyuma, mtu asije akarekodi juu yake. Nilisahau kuvivunja mara moja, na simulizi nzima ya mzee wa Kieni leo ni kwaya ya akina mama.

Siku yangu ya kwanza nje ya ofisi tulikwenda kwa mzee mmoja karibu na Gatitu. Wakati huo watu bado waliogopa kusema walikuwa wapi. Mzee hakutukaribisha viti. Alimtazama Mwalimu, akamwacha, akanigeukia mimi.

"Wewe ni wa nani?"

Nikamtajia baba yangu.

"Alikuwa upande gani?"

"Alifungwa kambini, akarudi. Hakusema kitu."

"Hakusema kwa sababu gani?"

"Hakusema hata sababu."

Mzee akasema turudi wiki nyingine. Njiani nilikuwa karibu kulia. Baba alikuwa amekufa mwaka uliotangulia, na swali hilo ndilo nililokuwa nimeshindwa kumuuliza. Mwalimu alitembea kando yangu, akasema, "Usijali, mama. Wewe wanakushuku kwa jina la baba yako. Mimi wananishuku tu kwa jumla, sina hata mtu wa kumlaumu."

Tulirudi wiki nyingine, na mzee akaongea mpaka betri zikaisha.

Sasa nyinyi mna mashine ndogo kama kiberiti, na kuku mnaweza kuwafuta kwa kompyuta. Lakini kazi yenyewe haijabadilika, na ni kazi ya kushuku. Mwalimu alinifundisha hivyo wazi. Hatukuwahi kuanza na vita. Swali la kwanza lilikuwa, "Mlikula nini?" Mtu ambaye hakuwa msituni atakupa bunduki na ndege za mabomu mara moja, kwa sababu hizo amezisikia kila sikukuu. Aliyekuwako anakwambia unga mbichi uliokorogwa kwa maji baridi, kwa sababu moshi ungewauza. Anakwambia asali na masega yake, thabai, yale majani ya kuwasha, yaliyochemshwa, ngozi ya pongo iliyotafunwa. Anakwambia kukosa chumvi kulivyowafanya walambe mawe. Halafu anakwambia chawa. Sijawahi kumsikia mwongo akikumbuka chawa.

Swali la pili lilikuwa miguu: walivaa nini, walikanyaga wapi. La tatu, walivyotoka. Aliyetoka msituni husimulia kutoka kwake bila kuulizwa, kama alipigwa risasi, alishikwa, alijisalimisha au aliteremka uhuru ulipokuja. Hilo hulisema hata kama limemtia aibu.

Kanuni ya nyumbani ilikuwa moja: wana wa mzee wasikae chumbani. Mbele ya wanawe kila mzee ni shujaa, na huwezi kumlaumu. Na kanuni ya mashine: mwenye sauti akisema zima, unazima papo hapo, hata kama ndipo maneno yanapoanza kuwa ya maana.

Kisha ukaja wakati ambapo kuwa mtu wa msituni kulikuwa heshima. Foleni ilifika kwenye duka la misumari. Kama wote walioniapia kwamba walikuwa msituni wangekuwa kweli huko, miti isingepata mahali pa kusimama. Mmoja alipigana akiwa hajazaliwa. Wengine walikuwa walinzi wa serikali ya mkoloni, wale tuliowaita ngati, na walitaka kuosha majina. Nilijifunza kusikiliza nikiitikia kwa kichwa kwa upole na moyoni nimefunga mlango. Tabia hiyo nilirudi nayo nyumbani pia. Marehemu mume wangu aliniambia siku moja, "Mimi nimesema tu nilikuwa sokoni. Kwa nini unaniuliza nilikula nini?"

Katika miaka hiyo tulimrekodi Mama Wangui wa Gatitu. Alikuwa msichana mdogo wakati wa vita. Watu wao walihamishwa kwa nguvu, wakafungiwa katika kijiji kilichozungukwa na handaki lenye miti iliyochongwa. Yeye alitoka kila siku kukata majani ya ng'ombe, na chini ya mzigo alificha viazi vitamu vya kaka yake Kiragu aliyekuwa msituni. Kiragu hakurudi. Hakuna aliyewaambia alikufa lini wala wapi. Mama yao alikufa akimwekea chakula.

Tulipomaliza kumrekodi, Mama Wangui alinishika mkono. "Wewe unaongea na hawa watu wote. Ukisikia aliyekuwa na Kiragu, niambie. Usiniletee pole, niletee mahali."

Kila mwaka alikuwa akipiga simu. "Bado?" Namjibu, "Bado, mama." Anakata.

Mwalimu Wafula aliugua, akasafirishwa kwao, akafia huko. Sikuweza kwenda kumzika. Tulikuwa na wazee wawili wa kurekodi wiki hiyo na wote walikuwa wagonjwa. Kiti chake sikukikalia. Mlipokuja kuanza kazi mlidhani kimevunjika, nami sikuwasahihisha.

Mwaka uliofuata mzee mmoja wa Chaka alikuja ofisini mwenyewe, amevaa koti zuri, na fimbo. Nitamwita Mzee Theuri. Kanisa lao lilikuwa linatayarisha jiwe la kuandika majina ya wapiganaji wa eneo hilo, na mzee wa kanisa alitaka kila mmoja awe amesimulia mahali fulani. Nikamuuliza walikula nini.

Alijibu vizuri sana. Alitaja unga mbichi, asali, thabai. Alitaja chawa kabla sijafika huko. Alionyesha kwa vidole vyake jinsi walivyoruka kutoka jiwe hadi jiwe mtoni wasiache nyayo. Katika kundi lao alimtaja Kiragu wa Gatitu, "yule wa kucheka cheka".

Nilimkumbuka Mama Wangui, lakini uso niliutuliza. Nilimwacha amalize. Alipomaliza niligundua amesimulia kuingia, kulala, kuumwa, kuzika wenzake, ila hakusimulia kutoka. Nilimuuliza.

"Tulitoka tu," akasema. "Vita viliisha."

Vita haviishi hivyo. Lakini chawa walikuwa wa kweli, na sikujua la kufanya na mtu ambaye nusu yake ilikuwa kweli kabisa. Nikampigia Mama Wangui.

Tulikwenda Chaka siku ya wiki, mchana. Mke wa mwanawe alituletea chai na mukimo wa viazi vilivyopondwa. Mama Wangui hakugusa. Mwana wa mzee, mwanamume wa makamo, alivuta kiti ili asikilize, nikamwomba atuachie nafasi.

"Ni baba yangu."

"Ndiyo maana," nikamwambia. Akatoka, hakufurahi.

Nikawasha mashine. Mama Wangui alikaa na mkoba mapajani kama mtu anayengoja kuitwa hospitalini. Waliongea Kikuyu, ninawaandikia kwa Kiswahili.

"Kiragu alitembea namna gani?" akamuuliza.

"Alichechemea."

"Mguu gani?"

"Wa kushoto. Alisema alianguka kutoka kwa mti wa mugumo akiwa mtoto, mkampiga kwa sababu ni mti wa kuheshimiwa."

"Nani alimpiga?"

"Baba yenu. Halafu mama yenu akampiga baba yenu." Mzee akatabasamu. Mama Wangui hakutabasamu, lakini mkoba aliuweka chini.

Aliuliza tena na tena, naye akajibu. Jino lililokosekana, wimbo aliopenda, alivyoogopa nyati kuliko bunduki. Nilianza kujilaumu kwa kumshuku. Mzee naye alilegea, akaanza kusimulia bila kuulizwa, kama wanavyofanya wakiona wameaminiwa. Akafika kwenye shida za mwili.

"Na kunuka!" akasema. "Nyinyi mlioga. Sisi tulikatazwa kuoga siku nyingi kabla ya kuingia, hata kunawa uso. Ukiingia unanuka kama beberu, hata fisi anakukimbia."

Mama Wangui aliinua kichwa.

"Mlikatazwa na nani?"

Mzee akakishika kikombe chake cha chai.

"Kiragu aliposhuka kuchukua chakula, kabla hatujafungiwa, alioga kwanza mtoni," akasema Mama Wangui. "Kwa yale maji ya barafu. Mama alimgombeza kwamba atakufa kwa homa, naye akasema hawezi kula akiwa na uchafu wa watu wengine. Hakuna aliyemkataza. Wewe ulikatazwa na nani?"

Niwaeleze nyinyi ambao hamkuwahi kulisikia hili. Baadhi ya wapiganaji waliposhikwa waliambiwa wachague: kamba ya kunyongwa, au kugeuzwa. Waliogeuzwa walivishwa tena ngozi zao, wakarudishwa msituni kuwatafuta wenzao wa jana. Mpiganaji wa kweli aliweza kunusa sabuni kutoka mbali, kwa hiyo makachero wa mkoloni waliwakataza watu hao kuoga kambini mpaka wanuke kama msitu. Mzee mmoja wa Kieni aliwahi kuniambia, "Wa kwanza tuliwajua kwa sabuni. Waliofuata hatukuwajua." Ndiyo maana chawa wa Mzee Theuri walikuwa wa kweli. Maswali yetu yote, ya chakula na ya miguu, yalikuwa yametengenezwa kumkamata ambaye hakuwa msituni. Huyu alikuwa huko mara mbili.

"Zima hiyo kitu," Mzee Theuri akaniambia kwa Kiswahili.

Nikazima.

Alikaa akitazama mukimo ukipoa. Kisha akasema alipigwa risasi ya paja, akashikwa. Walimpeleka akaone wenzake wakinyongwa, wakamwonyesha na kamba yake. Alikuwa kijana. Baada ya jeraha kupona walimpeleka kwenye bonde ambalo kundi lake la zamani lilikuwa likichota maji, nao wakajificha na bunduki. Kulikuwa na mlio wa ndege ambao wapiganaji walitumia kuitana. Aliupiga.

"Kiragu akajibu?" Mama Wangui akauliza.

"Alikuja kabisa. Alikuja akicheka."

Nje mwana wa mzee alikuwa akipasua kuni kwa nguvu zaidi ya ilivyohitajika.

"Sasa utaniita nani?" Mzee akamuuliza. "Watoto hawajui. Wajukuu hawajui. Jina langu litasomwa kanisani Jumapili."

"Sikuja kwa jina lako. Kaa nalo. Mimi nataka mahali."

"Na nikikuonyesha, utawaambia?"

"Sijui," akasema Mama Wangui. "Kwanza nionyeshe, halafu tujue mimi ni mtu wa namna gani."

Mzee hakujibu siku hiyo. Tuliondoka, na ndani ya gari Mama Wangui alisema neno moja tu, kwamba yawezekana amejitungia hata hayo, ili tu aonekane mwenye siri. Nilimwelewa. Kwa muda wa miaka yote hiyo nilikuwa nimewafundisha watu kufikiri hivyo.

Jumapili jina la Mzee Theuri halikusomwa. Alikuwa amemwambia mzee wa kanisa alitoe, hakusema kwa nini, na watoto wake walijivunia unyenyekevu wake. Jumatatu alinipigia simu. "Mlete yule mama. Vaeni viatu vya matope."

Tulikodi gari la Probox. Mzee alikaa mbele na dereva, Mama Wangui nyuma na mimi, tukaelekea mlimani. Mahali palipokuwa msitu sasa ni mashamba mpaka karibu na uzio wa umeme wa wanyama. Mzee alitusimamisha kwenye shamba la viazi lililoteremkia kijito. Kabla hatujapita lango, kijana mwenye shamba alikuja na jembe begani, akatazama koti la mzee, akatazama mkoba wangu.

"Mko na surveyor?"

"Hapana," nikamwambia.

"Maana hapa hakuna kuuzwa. Ata kama mko na karatasi. Hii shamba iko na title, na wakili pia iko."

"Tunatafuta mahali mtu alikufa, kijana wangu," Mama Wangui akasema. "Zamani, wakati wa vita."

Alitutazama mmoja mmoja. Nafikiri alikuwa anatafuta ujanja ulipojificha. "Ile ya kufa ni sawa," akasema mwishowe. "Lakini mkikanyaga matuta mnanimalizia viazi." Akatufuata nyuma, mkono kwenye jembe.

Mzee alishuka polepole kati ya matuta. Alisimama kwenye mwamba, akatikisa kichwa, akasogea kuelekea maji. Akasimama tena, akageuka kuutazama mlima, akarudi nyuma hatua chache.

"Unatafuta au unachagua?" Mama Wangui akamuuliza.

"Kulikuwa na miti."

"Miti ilikuwa kila mahali. Nani hajui."

"Maji yalikuwa upande huu wa mwamba. Yamehama." Alipiga fimbo chini. "Hapa."

"Alilala vipi?"

Alijaribu kueleza kwa mkono. Kichwa kilikuwa huku, miguu ikaenda kule. Mama Wangui alisimama akimtazama bila kusaidia, na maneno ya mzee yakachanganyika. Akaiweka fimbo. Akapiga goti moja, kisha la pili, akashikilia tuta, akajilaza ubavu wa kushoto kwenye mfereji kati ya viazi, na lile koti lake. Kichwa upande wa maji. Goti moja juu ya lingine. Shavu kwenye udongo.

"Hivi," akasema.

Kijana wa shamba aliondoa jembe begani, akaliweka chini.

Nilitaka kumwamini. Lakini hata mtu anayedanganya anaweza kulala chini, nami nilikuwa nimeona machozi mengi ya uongo katika kazi hii. Nilimtazama Mama Wangui, na uso wake ulikuwa umefungwa kama siku ile Chaka. Mzee alijaribu kuinuka, mkono ukateleza. Alijaribu tena. Nilipiga hatua, na kijana pia.

"Mwacheni," Mama Wangui akasema.

Akamsogelea mpaka viatu vyake vikawa karibu na uso wake.

"Alikufa papo hapo?"

"Hapana."

"Alisema nini?"

Upepo ulikuwa unatoka mlimani na nilisikia maji.

"Aliita jina langu," akasema kutoka pale chini. "Aliniona nimepiga magoti pale, akadhani na mimi nimepigwa. Aliniuliza, 'Umeumia wapi?'"

Mama Wangui alifumba macho. Midomo yake ilisogea kidogo, kama mtu anayerudia jambo ili asilisahau.

"Huyo ni Kiragu," akasema.

Akauweka mkoba wake juu ya tuta. Akainama, akamshika mzee chini ya makwapa, mwanamke wa umri wake, akamvuta mpaka akasimama, akampa fimbo yake. Udongo uliokuwa kwenye koti na shavuni hakumpangusa.